Umeniuliza imetoka kwa nani

Mwanangu,

Nimepata ujumbe wako kwamba mjukuu wangu amepimwa huko Muscat, akakutwa na upungufu wa G6PD, kimeng'enya kinacholinda chembe nyekundu za damu. Unaniuliza, "Mama, imetoka kwako au kwa baba?" Nusu ya jibu unayo. Jeni ya kimeng'enya hiki iko kwenye kromosomu ya X, na mtoto wa kiume X yake hupewa na mama. Wewe ndiye uliyempa. Na wewe unazo mbili, moja yangu, moja ya marehemu baba yako. Ipi kati ya hizo, subiri kwanza.

Kaka yako unamwona alivyo sasa, pande la mtu. Siku ya tatu ya kuzaliwa alikuwa manjano mpaka weupe wa macho, ananyonya mara mbili, anasinzia. Nilikuwa sijasomea ukunga bado, bi harusi mgeni nyumba ya Mkunazini. Bibi yako akatangaza mbele ya mawifi zangu wote kuwa nina ziwa bovu. Akamtoa mtoto kifuani mwangu, akaanza kumnywesha maji ya sukari kwa kijiko. Mpaka leo nakisikia kile kijiko kikigonga ukingo wa kikombe. Hospitali walimlaza chini ya taa ya buluu, wakamtia damu, akapona. Ziwa bovu likabaki na mimi.

Kaka yako alipokwenda kufanya kazi Doha ndipo alipopimwa, naye ana upungufu huohuo. Hapo nikakumbuka nguo alizovishwa uchangani. Zilitoka kwenye sanduku la bibi yako, katikati ya vile vidonge vyeupe vya nafthalini, harufu imejaa chumba kizima. Chembe nyekundu ya damu hujikinga na sumu za namna ile kwa kimeng'enya hiki, kinachoipitisha glukosi njia ya pembeni ili ile kinga ipatikane. Kikiwa kichache, chembe zinapasuka, na umanjano unatoka hapo.

Basi ni sanduku? Nikisema ndiyo, nimefanya alilofanya yeye. Na wako watoto wenye upungufu huu wanaokuwa manjano bila kunusa nafthalini. Nguo zile alizitunza kwa mapenzi, hilo silikatai. Lakini ziwa langu lilikuwa zima! Mtoto hatafutiwi mchawi, anatafutiwa dawa. Nimewaambia hivyo wote niliowazalisha, nawe nakwambia.

Wala usimwite mwanao mgonjwa. Kasoro hii imeenea Afrika, Uarabuni na nchi za Bahari ya Kati, kote malaria ilikokaa karne nyingi, na inaaminika humpunguzia mtu makali ya malaria. Wanaoibeba hukisiwa milioni 400 duniani, wengi hawajijui mpaka wapewe dawa isiyowafaa. Ndivyo ilivyogunduliwa, Marekani mwaka 1956, baada ya primakwini, dawa ya malaria, kuwavunja damu baadhi ya waliopewa. Na Lapdap, dawa ya malaria tuliyoitumainia sana, iliondolewa mwaka 2008 kwa sababu ya dapsoni iliyokuwamo, nayo huwavunja damu vilevile.

Kwa hiyo andika G6PD kwenye kadi yake kwa kalamu nyekundu. Primakwini, dapsoni, nitrofurantoini, asipewe bila daktari kuisoma kadi hiyo. Ile ful, maharage ya fava, mnayokula asubuhi asionje, na wewe unayenyonyesha iache. Mkojo ukitoka kama kahawa, hospitali usiku huohuo.

Sasa swali lako. X ya kaka yako ilitoka kwangu, kwa hiyo mimi ninayo, hilo halina mjadala. Baba yako hakupimwa. Nakumbuka mwaka ule alipougua malaria, mkojo wake ulikuwa mweusi, nami nikasema hapa pana jambo. Lakini malaria kali peke yake huweza kufanya hivyo. Huenda nyote wawili mmepewa na mimi, huenda wewe umepewa na yeye. Ukinibana nitasema ni mimi. Usinibane.

Shangazi yako amenipigia simu, amelifungua lile sanduku, anataka kukutumia nguo za mtoto kwa mtu anayesafiri Ijumaa. Nimemwambia anipitishie mimi kwanza.

Mama yako