Mchezesha ruleti wa Casablanca
Kama unajiuliza iwapo mchezesha ruleti (kamari ya gurudumu) wa filamu ya Casablanca (1942) ni yule mwigizaji wa sinema za Ufaransa, ndiye. Ni Marcel Dalio, yule yule aliyeigiza Rosenthal wa La Grande Illusion (1937) na markizi (kabaila) wa La Règle du jeu (1939), filamu mbili za Kifaransa. Usimtafute kwenye orodha ya waigizaji, jina lake halikuandikwa. Mtazame namba 22 inapotoka mara mbili mezani, na anapomkabidhi Kapteni Renault, mkuu wa polisi katika filamu hiyo, pesa alizoshinda kapteni huyo. Dalio alikuwa Myahudi wa Paris, akaikimbia Ufaransa 1940 Wajerumani walipoingia. Wanazi waliitumia picha yake kwenye mabango ya chuki dhidi ya Wayahudi. Ukimbizi huo ndio uliofanya mwigizaji mzito kiasi hicho aambulie vipande vidogo Hollywood. Baada ya vita alirudi kuigiza Ufaransa, zaidi nafasi za pembeni.