Yule mzee asiyeongea kwenye The Last Samurai ni nani?

SWALI: Habari za kazi mhariri. Juzi tumeangalia The Last Samurai ile ya Tom Cruise, kopi ya kutafsiriwa na DJ, sasa kuna mzee mmoja mwembamba, uso umemkauka, anamfuata Tom Cruise kila anakokwenda pale kijijini. DJ kamwekea maneno kibao ila mi naona midomo haichezi kabisa. Kaka angu anasema ni bubu, mi nasema nishamwona kwenye muvi zingine anauawa. Tumebishana mpaka chai ikapoa. Ni nani huyo?
Msomaji, Tanga

JIBU: Salama kabisa mdogo wangu. Chai ipasheni maana umeshinda. Anaitwa Seizo Fukumoto, sio bubu, na kumwona anauawa sio ajabu kwasababu kuuawa ndo ilikuwa kazi yake. Naongea kweli, Wajapani wana jina kabisa la kazi hiyo, kirareyaku, yaani mwigizaji wa kukatwa panga.

Sisi tuliokulia vibanda umiza tunajua sheria moja, steringi hafi. Sasa ili steringi asife lazima kuna watu wafe kwa niaba yake, na Fukumoto alikuwa mmoja wa hao watu kwa zaidi ya miaka 50. Alizaliwa 1943 mkoa wa Hyogo, akaingia studio za Toei kule Kyoto, mtaa wa Uzumasa, akiwa dogo wa miaka 15 tu, wakati huo muvi za masamurai zinatolewa kama maandazi. Baadae watu wakahamia kwenye TV na yeye akahamia nao, tamthilia kama Mito Komon na Abarenbo Shogun, wiki hii ni jambazi anakatwa, wiki ijayo karudi kavaa wigi lingine ni mlinzi wa tajiri mbaya, anakatwa tena. Miaka ya 70 zikaja muvi za yakuza, yaani magenge ya wahalifu wa Kijapani, humo pia yumo. Inasemwa amekufa mara 50,000, hiyo ichukue kama sifa tu, hakuna aliyekaa na kalamu akahesabu.

Ila usidhani kufa ni kuanguka tu kama gunia. Yeye alikuwa na staili yake, akipigwa panga haangukii mbele, anajipinda kwenda nyuma mgongo kama upinde, mikono inatapatapa hewani, halafu ndo chini, puu! Wanaiita ebizori, ebi ni yule kamba wa baharini anavyojikunja. Na kuna ujanja hapo, ukifa kifudifudi kamera inaona kisogo, ukifa kwa kurudi nyuma uso wako unaonekana sekunde mbili tatu, na kwa mtu ambaye jina lake halipo kwenye bango hizo sekunde ndo mshahara wa roho. Panga zenyewe nyingi ni mwanzi uliobandikwa karatasi ya rangi ya fedha, haukati nyama, kwahiyo ukali wote unaouona unatoka kwa huyu anayekufa. Akifa vibaya, steringi anaonekana anacheza na fimbo. Mimi kwa maoni yangu hii ni ngumu kuliko kuua.

Sasa The Last Samurai, 2003. Mwaka huohuo alifikisha miaka 60 akastaafu ajira yake ya Toei, na ndo dunia ikamjua! Tom Cruise anamuuliza jina, mzee kimya, basi anaamua kumwita Bob. Nenda kaangalie vita ya mwisho, anajirusha mbele ya risasi kumkinga Tom Cruise, na hapo tu ndo anafungua mdomo, analiita jina la mwenzie.

Kustaafu kwenyewe kulikuwa kwa karatasi, maana aliendelea kufa kama kawaida. Mito Komon ilikuja kufungwa 2011 baada ya miaka 42 hewani, kazi za mapanga zikapungua sana pale Uzumasa. 2014 ndo akapewa usteringi kwa mara ya kwanza, akiwa na miaka 71, muvi inaitwa Uzumasa Limelight, anacheza mzee wa kukatwa ambaye tamthilia yake imefutwa halafu anamfundisha binti mmoja kupigana, yaani karibu maisha yake mwenyewe. Ikampa tuzo ya mwigizaji bora wa kiume kwenye tamasha la Fantasia, Montreal. Itafute hiyo kabla ya zote.

Alifariki kweli tarehe 1 Januari 2021, saratani ya mapafu, miaka 77.

Na huyo DJ wenu mwambieni mzee ana neno moja tu muvi nzima, hayo mengine kaongeza yeye.