Muulize Sista: "Mbona nesi hakumwacha baba alale?"

SWALI: Shikamoo sista. Mwezi uliopita nilimleta baba, ana miaka 71, kutoka Kondoa hadi Dodoma mjini kupimwa tumbo kwa kamera. Tuliambiwa atachomwa dawa ya usingizi. Mlango ulikuwa haufungi vizuri, nikawa nachungulia. Daktari anaendelea na kamera yake, halafu kuna nesi kasimama kichwani kwa baba, hana analofanya zaidi ya kumpigapiga bega: "Mzee! Mzee, fumbua macho!" Baba akisinzia tu, anaamshwa. Sasa dawa ya usingizi ya nini kama mtu haachwi alale? Cha ajabu zaidi, baba anasema hakumbuki kitu chochote, hata huyo nesi hamjui. Asubuhi walitaka kuturudisha eti kwa sababu ya kikombe cha chai, na jioni wakatukatalia bodaboda. Nimekereka kweli. – Binti wa Mzee, Kondoa

JIBU: Marahaba mwanangu. Umenichekesha, halafu umenichoma kidogo. Huyo nesi asiye na analofanya ni mwenzangu wa kazi. Nami nimesimama hapo hapo kichwani kwa wagonjwa miaka kumi na tisa, na ndugu wengi wamenichungulia kama ulivyochungulia wewe.

Kwanza tuelewane kuhusu hiyo dawa. Baba hakupewa nusu kaputi. Nusu kaputi, pamoja na hilo "nusu" lake, ni usingizi kamili: mtu anakatwa tumbo hana habari, na mara nyingi anapumua kwa mashine. Baba alipewa usingizi mwepesi, wenyewe kazini tunauita sedesheni. Huo mtu anasinzia, woga unamtoka, lakini akiitwa anaitika, akiambiwa "geuka kidogo" anageuka, na anapumua mwenyewe. Tatizo ni kwamba hakuna ukuta kati ya usingizi mwepesi na mzito. Dozi iliyomlegeza kijana wa Nkuhungu vizuri tu inaweza kumzamisha mzee wa miaka 71 mpaka akasahau kupumua. Kwa hiyo nesi alipomwita baba hakuwa anamwamsha, alikuwa anampima. Akiitika, yuko pale tunapotaka awe. Akiitika kwa kuchelewa, dawa haiongezwi. Asipoitika kabisa, kamera inatoka.

Mimi nina njia yangu ya kuita. Mzee akiwa Mgogo namwambia "Mbukwenyi!" Nimeona wengi wakiwa usingizini hawaitikii "fumbua macho", lakini salamu ya nyumbani wanaiitikia hata ulimi ukiwa mzito.

Dawa yenyewe kwa kawaida ni midazolamu, na mara nyingine huongezwa fentanili au pethidini ya maumivu. Kwa mzee kama baba tunaanza na miligramu 1, pengine nusu yake, inasukumwa polepole, kisha tunasubiri dakika mbili au zaidi kabla ya kufikiria kuongeza. Hizo dakika mbili ni ndefu, nakwambia. Daktari ana foleni nje, mgonjwa anakuangalia, na wewe unatazama saa ya ukutani. Ukikosa subira ukaongeza, dozi ya kwanza na ya pili zinamfikia kwa pamoja. Jambo lingine, vichupa vya midazolamu havifanani. Kimoja kina miligramu 1 kwa kila mililita, kingine kina 5, na ukubwa wake unaweza kukudanganya. Uingereza mwaka 2008 ilibidi watoe onyo kwa hospitali zao kuhusu mkanganyiko huo. Kwa hiyo ukisikia nesi anasoma kichupa kwa sauti na mwenzake anarudia, usidhani wanapiga soga.

Sasa kwa nini asimame tu? Nitakusimulia. Miaka yangu ya mwanzo, katika hospitali moja nisiyoitaja, tulikuwa wawili tu chumbani, mimi na daktari. Mgonjwa alikuwa baba mmoja mnene, mkoromaji. Daktari akaniambia, "Sista, niletee ile chupa ya sampuli kabatini." Nikaenda. Kabati liko hatua nne. Niliporudi mashine ilikuwa inasoma oksijeni 98, namba nzuri kabisa, mlio wa kawaida. Lakini mkoromo ulikuwa umenyamaza. Nikaangalia kifua: hakipandi. Nikainua taya lake kwa mikono miwili na kupiga kelele, "Baba, vuta pumzi!" Akavuta. Nadhani yalipita sekunde chache tu, lakini magoti yalinitetemeka mpaka jioni.

Ile 98 ilitudanganya kwa sababu mgonjwa alikuwa na mpira wa oksijeni puani. Mtu aliyejazwa oksijeni anaweza kuacha kupumua, na kile kidude cha kidoleni kikaendelea kuonyesha namba nzuri kwa muda, pengine dakika nzima au zaidi, kabla ya kuanza kushuka. Kidude hicho, oksimita, kinapima oksijeni kwenye damu. Hakijui kama kifua kinapanda. Penye mashine ya kupima hewa chafu inayotoka puani, hiyo hushtuka mapema. Pasipo nayo kuna macho ya nesi na kiganja chake juu ya kifua. Tangu siku ile nimekuwa mkaidi: nikiwa nimeshika kazi ya kumwangalia mgonjwa, sitafuti chupa, sishiki simu, sijazi fomu ya mtu mwingine. Naandika presha, mapigo, pumzi na oksijeni kila dakika tano, basi. Daktari anayehitaji chupa aitiwe mtu wa pili. Wapo walioniona nina kiburi.

(Nikiwa kwenye kidude cha kidoleni, kina mama na mabibi harusi: piko na rangi ya kucha nzito vinaweza kukivuruga. Tunahamia kwenye ndewe ya sikio, lakini ukija na kidole kitupu unaturahisishia kazi.)

Kuhusu baba kutokumbuka, hiyo ni midazolamu inafanya kazi yake. Wakati ule alikuwa anakusikia na kuitika, ila ubongo hauhifadhi. Kuna mzee wa Bahi alinihesabia ng'ombe wake wote mmoja mmoja kwa rangi, akaniahidi na ndama. Baada ya saa moja akaniuliza mimi ni nani. Ndama sijamwona mpaka leo. Kwa hiyo saini ya ridhaa inachukuliwa kabla ya sindano, akili ikiwa yake. Baada ya kipimo maelezo unapewa wewe msindikizaji, na yawe kwenye karatasi. Ukimwambia mgonjwa peke yake, umeuambia ukuta.

Chai. Ilikuwa ya maziwa, sivyo? Chai ya rangi isiyo na maziwa tunairuhusu hadi saa mbili kabla, sawa na maji. Ikiingia maziwa inahesabiwa chakula, na chakula chepesi kinahitaji saa sita, chenye mafuta mengi saa nane. Dawa inalegeza kikohozi na koo limepuliziwa ganzi. Kilichomo tumboni kikipanda, mtu hana wa kumkinga, kinashuka mapafuni. Wengi hutuficha. Uji "kidogo tu" huwa bakuli. Na watu wa zabibu na wanzuki, nawaomba kwa heshima: kama unakunywa kila siku au umekunywa jana usiku, sema. Pombe na dawa hizi zinasukumana upande mmoja, upande wa kuzuia pumzi. Mimi sitampigia mchungaji wako simu.

Bodaboda ni hivi. Kabla ya kumruhusu mgonjwa tunampa alama kwa kipimo cha Aldrete kilichoanza mwaka 1970: viungo vinavyosogea, pumzi, presha, ufahamu na oksijeni, kila kimoja alama 0 hadi 2. Akifika 9 anaweza kuondoka. Kuondoka hakuna maana kwamba dawa imeisha mwilini. Mzee mwenye usingizi mgongoni kwa dereva wa boda, kwenye matuta ya kwenda stendi ya Nanenane! Chukueni bajaji au teksi, umshike mkono. Saa 24 asiendeshe chochote, asinywe pombe, asiweke saini kwenye karatasi ya kiwanja. Hili la kiwanja sijalitunga.

SWALI: Sista, mwanangu wa miaka minne alivunjika mkono, akanyooshwa akiwa amechomwa sindano. Macho yalikuwa wazi yanachezacheza, lakini hasikii. Nililia nikijua amepata kifafa. – Mama wa Mpwapwa

JIBU: Pole mama. Hiyo inaonekana kuwa ketamini, dawa ya usingizi ya aina nyingine. Ndivyo ilivyo, macho wazi yanacheza na mtoto hayupo. Kwa kawaida haizuii pumzi sana, ila mate huwa mengi, ndiyo maana nesi anakaa na mashine ya kufyonza karibu. Akizinduka anaweza kulia au kuona vitu vya ajabu kwa muda mfupi. Mkae naye mahali tulivu pasipo kelele. Aliyekuacha mlangoni bila kukwambia haya mapema ndiye mwenye kosa.

SWALI: Nasoma uuguzi mwaka wa pili hapa Dodoma. Je, nesi anaweza kuchoma mwenyewe dawa ya sedesheni? Na nijifunze nini kwanza? – Mwanafunzi

JIBU: Kwa maagizo ya daktari aliyepo chumbani, na ukiwa umefundishwa, midazolamu na fentanili, ndiyo. Propofoli waachie watu wa usingizi: inazamisha haraka na haina dawa ya kuitengua. Midazolamu inatenguliwa na flumazenili, fentanili inatenguliwa na naloksoni, na hizo dawa mbili za kutengua ziwe mezani kabla hujafungua kichupa cha kwanza. Kumbuka tu flumazenili inaisha nguvu mapema kuliko midazolamu, mgonjwa aliyezinduka akacheka na wewe anaweza kuzama tena wodini wakati umekwenda kunywa chai. Mwangalie saa mbili zaidi.

Cha kujifunza kwanza ni kuinua taya na kupumulisha kwa mfuko. Omba sanamu ya mazoezi, rudia mpaka mikono ifanye bila kuuliza kichwa. Halafu jifunze kuhesabu pumzi kwa dakika nzima, siyo sekunde 15 mara nne. Na daktari akikutuma chupa katikati ya kazi, mwambie, "Samahani daktari, nimemshika mgonjwa." Sauti itatetemeka mara ya kwanza. Mwambie hivyo hivyo.