Gharama ya Kuvuka: Ushauri kwa Anayebuni Kizuizi cha Nishati Kati ya Matabaka ya Wakati

Mwandishi wa hadithi za kubuni za kisayansi anayebuni kizuizi cha nishati kinachotenganisha matabaka ya wakati, yaani sehemu za ulimwengu ambamo wakati hauendi sawa au ni wa zama tofauti, anapaswa kuamua gharama ya kukivuka kabla ya kuamua sura yake. Nasema hivi kwa kuwa nimeandika hadithi za aina hii na nimesoma miswada mingi ya wenzangu, na karibu kila mara kinachotangulia kuelezwa ni mwanga wa buluu, mngurumo na cheche, mambo ambayo msomaji huyasahau kabla hajafika ukurasa wa pili. Kinachomkaa akilini ni swali la nishati yenyewe: inatoka wapi, na ni nani anayepungukiwa mhusika anapovuka?

Matabaka hayahitaji utetezi mkubwa. Nadharia ya jumla ya uhusianifu, ambayo Albert Einstein aliikamilisha mwaka 1915, inaeleza kwamba wakati huenda polepole zaidi karibu na kitu chenye uzito mkubwa, na jambo hilo limepimwa mara nyingi. Saa za setilaiti za GPS zingeachwa bila kurekebishwa, zingetangulia saa za ardhini kwa takriban mikrosekunde 38 (mikrosekunde ni sehemu moja ya milioni ya sekunde) kila siku. Mwaka 2010, watafiti nchini Marekani walionyesha kwamba saa mbili za atomi zilizopishana kimo kwa sentimita 33 tu haziendi sawasawa. Hata hivyo, katika uhalisia huo hakuna ukuta baina ya tabaka moja na jingine. Upo mteremko, na kila apandaye ngazi huupanda bila kuuhisi. Kizuizi ni nyongeza yako wewe mwandishi, kwa hiyo kifanye kazi ambayo mteremko hauiwezi, yaani kubagua: huyu apite, yule abaki.

Kwa kazi hiyo ya kubagua, sijapata mwalimu bora kuliko kiini cha atomi. Mwaka 1928, mwanafizikia George Gamow alieleza jinsi chembe za alfa, vipande vidogo vinavyotupwa nje na atomi zinazooza, zinavyotoka katika viini vya atomi nzito ilhali hazina nishati ya kuruka kizuizi kinachozizunguka. Haziruki, zinapenya, kwa bahati ambayo ni ndogo mno lakini si sifuri, na bahati hiyo hupungua kwa kasi ya kutisha kadiri kizuizi kinavyozidi kuwa kinene. Linganisha urani-238 na poloni-212, aina mbili za atomi nzito zinazooza hivyo. Chembe inayotoka katika poloni ina nishati inayozidi kidogo mara mbili ya ile inayotoka katika urani, lakini nusu ya atomi za urani huhitaji takriban miaka bilioni 4.5 ili zioze, ilhali nusu ya atomi za poloni huoza katika muda usiofika hata mikrosekunde moja. Mhusika wako akiishi chini ya kanuni kama hiyo, hadithi inabadilika kabisa. Kuvuka hakukatazwi na mtu yeyote, ila asiye na nishati hulipa kwa kusubiri, na nyongeza ndogo ya nishati humtenganisha mwenye kungoja vizazi na vizazi na mwenye kupita papo hapo. Zaidi ya hayo, chembe ipenyayo haipotezi nishati njiani, kwa hiyo zile picha za msafiri anayetokea upande wa pili akiwa ameungua na kuhema (ambazo, kusema kweli, zimenichosha) hazina ulazima wowote. Uchungu wote unaweza kuwekwa katika kungoja, hasa ukizingatia kwamba muda wa kungoja wenyewe hauhesabiki sawa katika tabaka hili na lile.

Baada ya hapo, fungua daftari la hesabu. Gramu moja ya maada ni sawa na takriban jouli (kipimo cha nishati) trilioni 90 za nishati, na mtu mzima ana gramu makumi ya maelfu. Akitoweka katika tabaka la leo na kuibuka katika la jana, leo imepungukiwa na jana imezidishiwa. Katika hadithi yangu moja niliamua kwamba kila kivukacho sharti kibadilishwe na kitu chenye uzito uleule kutoka upande wa pili, na uamuzi huo mmoja ulinipa njama nzima, kwa sababu hakuna aliyeweza kuchagua ni kitu gani kingechukuliwa. Si lazima uige kanuni hiyo, lakini uwe na yako, na uifuate hata pale inapokunyima tukio ulilolipenda.

Kuhusu nani aliyekijenga kizuizi, ningekushauri usimtafute. Mwanafizikia Stephen Hawking alitoa dhana mwaka 1992 kwamba sheria za fizikia zenyewe huzuia safari za kurudi nyuma, kwa kuwa nishati ingerundikana bila kikomo pale ambapo mzunguko wa wakati, yaani njia inayomrudisha msafiri katika wakati wake uliopita, ungekaribia kujifunga. Hakuna aliyeithibitisha hadi leo, lakini kwa mtunzi ni hazina: kizuizi kinachozaliwa na jaribio la kukivuka, kinachokuwa kikali kwa kadiri unavyokikaribia, hakihitaji mlinzi, mtambo wala ustaarabu wa kale uliotoweka.

Linalobaki ni la ufundi. Usimfanye profesa asimame na kuifundisha kanuni kwa kurasa tatu. Mapema kabisa, pitisha kitu kisicho na thamani, kipande cha waya au jani, na umwonyeshe msomaji kilichopungua upande mmoja na muda uliohitajika. Mhusika mkuu atakapofika penye kizuizi, msomaji awe tayari anapiga hesabu ya gharama yake pamoja naye.