Nimechanika Vibaya Nikijifungua: Swala Yangu na Haki ya Mume

SWALI: Assalaam alaykum sheikh. Nilijifungua miezi mitatu iliyopita, nikachanika hadi njia ya haja kubwa. Nilishonwa, lakini upepo unanitoka bila kujizuia, na mara nyingine choo kidogo. Nifasi (damu ya uzazi) imekwisha na nimeoga, ila sijaswali kwa kuwa udhu haukai. Mume anataka haki yake, nami bado naumia. Je, napata dhambi?

JIBU: Wa alaykumu salaam warahmatullah. Binti yangu, anza kuswali leo. Hukumu yako ni ya mwenye udhuru wa kudumu, kama mwanamke wa istihadha, anayetokwa na damu nje ya hedhi na nifasi. Ikiwa ndani ya wakati wa swala hupati nafasi ya kutosha bila kutokwa, basi wakati ukishaingia jisafishe choo (upepo hauna istinja, yaani hauhitaji kujisafisha), weka pedi safi, tawadha, uswali papo hapo. Kitakachokutoka hapo katikati hakikubatilishii swala. Kwa madhehebu yetu ya Shafi, udhu huo ni wa faradhi moja na sunna uzitakazo. Faradhi nyingine, tawadha upya. Sayyidna Umar aliswali jeraha lake likibubujika damu. Zile ulizoziacha baada ya kuoga, zilipe kidogo kidogo.

Kuhusu mumeo, huna dhambi. Nifasi ikiisha kimeondoka kizuizi kimoja. Jeraha ni kizuizi kingine. Mtume (s.a.w.) amesema: "Hakuna kudhuru wala kudhuriana." Msomee mumeo maneno haya: kilichochanika si ngozi tu, ni msuli unaobana choo. Asubiri mpaka daktari akupime na maumivu yaondoke.

Linaloniumiza mimi ni hiyo miezi mitatu ya kuvumilia nyumbani. Mchaniko wa namna hii hushonwa tabaka kwa tabaka na mtaalamu, na mama hupewa antibiotiki na dawa ya kulainisha choo. Mshono ukiachia, hurekebishwa. Yapo pia mazoezi ya kukaza misuli ya nyonga. Choo au upepo ukipitia ukeni, huenda ni fistula, yaani tundu kati ya uke na njia ya haja kubwa. Hospitali ya CCBRT, Dar es Salaam, huitibu bila malipo.

Najua wengi huzuiwa na haya ya kuvuliwa nguo. Tafuta daktari wa kike. Asipopatikana, mwanamume anaruhusiwa, aangalie panapohitajika tu, mumeo au nesi akiwepo. Nenda wiki hii, na mumeo akupeleke.