Kabla ya Kuwawashia Watoto Filamu Fupi za Zamani

Watoto watatu wa kaka yangu walipokuja kwangu likizo ya Desemba, niliwawashia filamu moja fupi ya mfululizo wa Our Gang, vichekesho vya watoto watundu ambavyo Hal Roach alivianzisha nchini Marekani mwaka 1922 na ambavyo viliendelea kutengenezwa hadi mwaka 1944, kisha nikaenda zangu jikoni nikiamini kwamba filamu ya zamani kiasi hicho haiwezi kuwa na neno baya. Niliporudi, mdogo wao wa miaka 6 aliniuliza, "Shangazi, kwa nini huyu mtoto mweusi wamemvisha hivi?" Sikuwa na jibu, na tangu siku hiyo siwashi filamu yoyote ambayo sijaitazama mwenyewe hadi mwisho.

Aliyemwona ni Farina, aliyeigizwa na Allen Hoskins, akiwa na nywele zilizosukwa vijisuko na nguo za matambara, kwa namna ambayo watengenezaji filamu Wazungu wa wakati ule walipenda kuwachora watu weusi ili watazamaji wacheke. Hata hivyo, katika filamu hizo hizo watoto weusi na weupe wanacheza pamoja na kupanga njama pamoja, katika miaka ambayo sheria za majimbo ya kusini mwa Marekani ziliwatenganisha shuleni. Nakushauri umweleze mtoto yote mawili, kwa maneno ya umri wake, wala usimnyamazishe anapouliza, kwa kuwa swali lake ni la haki kabisa.

Kwa wadogo, anza na filamu za kabla ya mwaka 1929, ambazo hazina sauti, kwani utawasomea kwa Kiswahili maandishi machache yanayotokea na mengine watayaelewa kwa macho. Zenye sauti mimi huzipunguza na kusimulia juu yake, kama wafanyavyo watafsiri wa vibanda umiza, na watoto hupenda zaidi hivyo.

Ninayoipenda kuliko zote ni Bored of Education ya mwaka 1936, yenye urefu wa dakika 10 hivi, ambayo ilipata tuzo ya Oscar. Ni siku ya kwanza ya kufungua shule, na Spanky na Alfalfa hawataki kusoma, hivyo wanaficha puto mdomoni mwa Alfalfa ili shavu livimbe, ionekane jino linamuuma. Mwalimu ameisikia njama yao, lakini hagombi wala hashiki fimbo. Anawaruhusu waende nyumbani, na huko nje wanagundua kwamba aiskrimu inaletwa kwa ajili ya darasa lao.

Hapo ndipo ninaposimamisha filamu na kuuliza, "Sasa watarudije ndani?" Usiharakishe kuendelea, hata kama watapiga kelele. Mara ya kwanza nilipofanya hivyo, wawili walibishana kwa muda mrefu, ila mkubwa wao wa miaka 9 alikuwa ameshika shavu lake, kimya. Baadaye, wenzake walipokwenda kunawa mikono, alinisogelea na kuniambia kwamba lile tumbo lililomuuma Jumatatu ya mtihani wa hesabu halikuwa limemuuma. Nilimshukuru kwa kuniambia, tukakaa kitako tukaongea kuhusu hesabu.