Ushanga Unaopima Wema: Kwanza Amua Unapima Nini

Ndugu mwandishi, umeuliza kama msomaji atakubali nadharia ya ulimwengu wako wa kubuni, ambamo kila mtu huzaliwa na ushanga shingoni unaoongezeka uzito kwa kila ovu alitendalo. Atakubali, ila hujasema ushanga unapima nini: tendo, nia au matokeo.

Mwaka 1789 mwanafalsafa Mwingereza Jeremy Bentham alipendekeza raha na maumivu vipimwe kwa vigezo saba, vikiwemo ukali, muda na idadi ya watu wanaoguswa. Hicho ni kipimo cha matokeo, na nia haina uzito wake yenyewe ndani yake. Kwetu Mtwara korosho haikadiriwi kwa kilo tu, kwa maana mpima ubora huchota sampuli kwenye magunia, akapasua korosho mojamoja, akatenga viini vizima na vilivyooza au kusinyaa, ndipo akavipima. Ushanga wako, kwa maoni yangu, unapima gunia bila kupasua korosho.

Ujaribu hivi. Mvuvi wa Mikindani anamwazima jirani ngalawa huku akijua ina ufa, na jirani anarudi salama, tenga limejaa changu; mvuvi mwingine anamwazima jirani yake ngalawa asiyojua kuwa ina ufa wowote, na jirani huyo anazama. Ushanga wa nani umeongezeka uzito? (Usikimbilie kujibu kwamba wote wawili.) Tukio hilo ningeliandika kabla ya kuchora ramani ya falme zako, nikimwacha mvuvi wa kwanza akiupapasa ushanga wake gizani, akiona ni mwepesi kama jana.